Sauti ya Kisimani: Sinema Bubu za Vizuka vya Japani na Hadithi Moja ya Ujiji

Sinema mbili za kwanza za vizuka zinazotajwa katika historia ya Japani zilipigwa mwaka 1898, na zote mbili zimepotea. Moja iliitwa Shinin no Sosei, yaani Kufufuka kwa Maiti. Nyingine ni Bake Jizō. Na Jizō ni yule mtakatifu wa Kibudha anayewalinda wasafiri na watoto waliokufa, ambaye sanamu zake za mawe husimama kandokando ya njia, ila katika picha hiyo amegeuka kizuka. Aliyezipiga ni Asano Shirō, mmoja wa wapiga picha wa mwanzo kabisa katika nchi ile. Ya maiti habari yake ni fupi: watu wawili wamechukua jeneza, kitako cha jeneza kinaachia, maiti anaanguka chini, na kwa kishindo kile anazinduka. Basi. Hakuna aliye hai leo aliyeiona kwa macho yake, na hata hivyo tunaicheka na kuiogopa kidogo, kwa kuwa yupo aliyeisimulia.

Kusimuliwa huko ndiko kulikonifanya nishike kalamu. Mimi nakaa Ujiji, mwisho wa ile reli iliyofika Kigoma mwaka 1914, na vizuka vya Japani nimevifikia kwa mlango wa Kiingereza, kama mtu anayeichungulia harusi kwa dirisha la jirani. Lakini kila nilivyozidi kusoma habari za sinema zile bubu, ndivyo nilivyozidi kuona kuwa zina la kuniambia juu ya hadithi moja ya ziwa letu. Hadithi iliyosimuliwa hapa Ujiji, ikaandikwa kwa lugha ya mbali, na mpaka hii leo imebaki mfano wa sinema bubu: picha zimo, sauti haimo. Nitafika huko. Kwanza tukae kidogo na Wajapani.

Kongwe kuliko zote zilizosalia ni Momijigari, iliyopigwa na Shibata Tsunekichi mwaka 1899. Ni kipande cha mchezo wa kabuki. Bwana mmoja wa ukoo wa Taira, Koremochi, anakwenda mlimani kutazama majani yanavyogeuka mekundu wakati wa vuli. Anamkuta huko binti wa kifalme mwenye uzuri usio kifani, na binti yule ni zimwi. Aliyecheza kama binti alikuwa Ichikawa Danjūrō wa Tisa, mwanamume aliyekwisha kutimiza miaka sitini na bingwa wa mabingwa wa jukwaa lao. Mashine ile hakuipenda hata kidogo. Alikubali kupigwa picha kwa ajili ya vizazi vijavyo, kwa sharti kwamba isionyeshwe hadharani naye yu hai. Ilipigwa nje, nyuma ya jumba la Kabuki-za mjini Tokyo, siku ya upepo, na upepo ukampokonya msanii upepeo wake mkononi. Hawakurudia. Kosa lile likabaki ndani ya picha kama kovu, na mwaka 2009 picha hiyo, pamoja na kovu lake, ikawa filamu ya kwanza kuingizwa na serikali ya Japani katika orodha ya amali zake muhimu za utamaduni.

Sasa, neno ‘bubu’ lenyewe lina udanganyifu. Katika Japani sinema haikuwa bubu hata siku moja. Kando ya kitambaa cheupe alisimama mtu aliyeitwa benshi, naye kazi yake ilikuwa kusema. Alieleza mahali na wakati, aliwasemea wahusika, alilia kwa sauti ya mwanamke na kunguruma kwa sauti ya mkabaila, alinyamaza pale ambapo kunyamaza kulitisha zaidi. Zamani za mwanzo walikaa hata watu kadhaa, kila mmoja na mhusika wake. Watu wa Tokyo walichagua jumba la kwenda kwa jina la benshi kabla ya jina la filamu, kama vile watu wa Unguja walivyokuwa wakiulizana nani anaimba usiku huo kabla ya kuuliza kikundi gani kinapiga. Inatajwa kwamba mwaka 1927 walikuwako mabenshi 6,818, na kati yao wanawake walikuwa 180. Naiomba tarakimu hiyo ya mwisho ikumbukwe, maana nitairudia.

Mtu aliyekulia kwenye pwani ya utendi hahitaji kuelezwa sana jambo hili. Nchi ile ilikuwa na wasomaji na watambaji wa kila namna kabla sinema haijazaliwa: vipofu waliopiga zeze lao liitwalo biwa huku wakighani vita vya kale, waimbaji wa michezo ya vikaragosi, na wasimulizi wa rakugo waliokaa peke yao juu ya mto jukwaani, wakiwa na upepeo na kitambaa tu. Picha ilipokuja ilikuta sauti imekwisha kukaa kitini, nayo haikuthubutu kuiondoa.

Na hadithi walizozitaka watu ni zile walizokwisha kuzijua. Yotsuya Kaidan ulikuwa mchezo wa jukwaani tangu 1825, kazi ya Tsuruya Nanboku wa Nne. Iemon ni samurai asiye na bwana, maskini mwenye majivuno. Mkewe Oiwa ndiyo kwanza ametoka uzazini na hana nguvu. Jirani tajiri anamtaka Iemon amwoe mjukuu wake, na Oiwa analetewa sumu kwa jina la dawa. Haimuui mara moja. Inamharibu uso. Kisha inakuja ile sehemu ambayo watazamaji wa karne mbili wameingojea kwa hofu: Oiwa, akijiandaa kwenda kumkabili mbaya wake, anachukua kitana na kuchana nywele, na nywele zinatoka mafungumafungu pamoja na damu. Anakufa na hasira yake. Usiku wa harusi Iemon anafunua uso wa bibi harusi, anauona uso wa Oiwa, anakata kwa upanga, na kichwa kinachoanguka ni cha bibi harusi. Makino Shōzō aliitengeneza filamu hadithi hii mwaka 1912, na baada yake wakaja wengine kwa wengine, karibu kila kiangazi, maana Wajapani husimulia hadithi za vizuka wakati wa joto. Wanasema baridi ya hofu huburudisha mwili. Mpaka zama zetu waigizaji na watengeneza filamu, kabla hawajaanza kazi ya Yotsuya Kaidan, huenda kwanza kumzuru Oiwa hekaluni au kaburini kwake na kumwomba radhi.

Nimetumia neno ‘kizuka’, na najua msomaji wa Unguja au Mombasa amekwisha kutabasamu. Katika mwambao kizuka ni kiumbe kinachozuka usiku, na kizuka vilevile ni mwanamke aliyefiwa na mume akakaa eda. Sijui lugha nyingine iliyowaweka wawili hao ndani ya neno moja, na kila nilipojaribu kumtafsiri Oiwa nililiona neno letu linajua zaidi kuliko mimi. ‘Mzimu’ kwetu huku bara ni mzito mno, ni wa ukoo na wa mahali. Kiha na Kirundi wana ndugu wa neno hilo kwa maana hiyohiyo. ‘Jini’ ana dini yake na nasaba yake. Oiwa si wa ukoo wala si wa jinsi nyingine: ni mtu aliyedhulumiwa ambaye bado hajamaliza kusema. Kizuka, basi.

Tofauti moja ya umbo lazima niitaje. Tangu karne ya 18 wachoraji wa Japani wamekichora kizuka bila miguu; chini ya kiuno ni moshi tu. Jini wa pwani yetu, kinyume chake, hutambulikana kwa miguu: anaonekana mwanamke mzuri mpaka utazame chini uone kwato. Na bado hadithi ya kizuka inayopendwa kupita zote katika Japani, ukiacha ile ya Oiwa, inategemea mlio wa miguu. Ni Botan Dōrō, Taa ya Mlangilangi ningeiita, kama isingekuwa ua lenyewe ni jingine. Binti Otsuyu amekufa kwa huba; kila usiku anakuja kwa mpenzi wake na mjakazi ametangulia na taa, na kabla hawajaonekana husikika viatu vyao vya mti: karan, koron, karan, koron. Ni mtalawanda ule ule. Bibi zetu waliuvaa kwenda kutawadha, na mtoto kitandani alijua nani anapita ukumbini kwa mlio tu. Sasa fikiri: hadithi hii ilifanywa sinema mnamo mwaka 1910, katika chombo kisichoweza kutoa hata mlio wa kijiti. Bila ya benshi kinywani mwake, au mpiga ala kuupiga ubao, Otsuyu asingefika.

Mlio ule aliutia San’yūtei Enchō, msimulizi mkuu wa rakugo. Mwaka 1884 hadithi yake ya Botan Dōrō ilichapishwa kwa njia iliyokuwa mpya: waandishi wa hati za mkato walikaa wakimsikiliza na kuandika kila neno kama lilivyotoka. Kitabu kile kiliuzwa sana, na waandishi vijana wa Japani, waliokuwa wanatafuta namna ya kuandika nathari kama watu wanavyosema, wakakishika kama mwongozo. Kwa hiyo sehemu ya nathari ya kisasa ya Kijapani imepita katika kinywa cha msimulizi wa vizuka. Nakiri wivu wangu. Laiti mtu mmoja angekaa Ujiji miaka ileile na hati za mkato!

Sinema zenyewe ziliteketea. Tetemeko la tarehe 1 Septemba 1923 liliiunguza Tokyo na maghala ya filamu ndani yake. Mabomu ya 1945 yakamalizia. Na utepe wa zama zile ulikuwa wa kemikali inayoshika moto kwa urahisi na kuoza hata ikiachwa kwa amani. Mizoguchi Kenji alitengeneza mwaka 1926 sinema kutokana na hadithi nyingine ya Enchō; imepotea. (Wapenzi wa maziwa wamtafute katika Ugetsu ya mwaka 1953, ambayo si bubu: mashua inakata ukungu wa Ziwa Biwa, na mashua nyingine inatokea ukunguni bila mtu kusimama. Mvuvi yeyote wa Kibirizi ataelewa kwa nini wale wa mashua ya kwanza walitetemeka.) Ya Kinugasa Teinosuke, Kurutta Ippēji, ya mwaka huohuo 1926, haina kizuka ila ina nyumba ya wendawazimu na vinyago vya noh, na haina hata neno moja la maandishi kwenye picha, mwenyewe aliikuta ghalani kwake mwaka 1971. Na filamu zenye sauti ziliposhika nchi, kuanzia 1931, mabenshi wakagoma, wakashindwa. Mmoja wao alikuwa Kurosawa Heigo, kaka mkubwa wa mtengeneza filamu Kurosawa Akira. Alijiua mwaka 1933.

Yupo mtu mmoja aliyeokoa vizuka vingi bila kupiga picha yoyote. Lafcadio Hearn alizaliwa katika kisiwa cha Ugiriki mwaka 1850, akafika Japani 1890, akaoa mwanamke wa ukoo wa samurai, Koizumi Setsu. Setsu ndiye aliyemletea hadithi. Alizitafuta katika vitabu vya zamani, na usiku, taa imepunguzwa, alimsimulia mumewe. Naye hakumruhusu asome kitabuni, alimtaka aseme kwa maneno yake mwenyewe, kwa fikra zake. Hearn aliyaandika kwa Kiingereza, na mwaka 1904, mwaka aliokufa, kikatoka kitabu chake Kwaidan. Kisha hadithi zile zikatafsiriwa kurudi kwao, na Wajapani wengi walizijua kwa njia hiyo ya mzunguko. Kati yake mna hadithi ya Hōichi, mpiga biwa kipofu. Mwaka 1185 ukoo wa Heike uliangamia baharini huko Dan-no-ura, mfalme mtoto akazama pamoja nao. Usiku kizuka kinamwita Hōichi akaghani vita hivyo mbele ya hadhira asiyoiona, hadhira inalia, na hadhira hiyo ni wao wenyewe waliozama. Wanataka kusikia habari yao. Sijapata kusoma maelezo yaliyo bora kuliko hayo kuhusu kazi ya mshairi.

Nasi huku tunao mji uliozama.

Henry Morton Stanley, ambaye watu wengi hudhani Ujiji aliijia mara moja tu, mwaka 1871, kumtafuta Livingstone, alirudi tena mwaka 1876, akalizunguka ziwa zima kwa mashua yake. Katika kitabu alichokitoa 1878 ameweka hadithi ya Wajiji kuhusu asili ya Ziwa Tanganyika. Naisimulia kwa maneno yangu. Palipo maji leo palikuwa uwanda mpana wenye watu na ng’ombe wengi. Katikati ulikuwako mji mkubwa, na katika mji nyumba moja iliyozungushiwa ua wa matete, ambamo mume na mke walikuwa na kisima. Kisima kile kilikuwa kirefu, maji yake yakibubujika, na ndani yake samaki wasiokwisha. Watu wa nyumba ile walikula wakashiba vizazi kwa vizazi kwa sharti moja lililorithiwa kutoka kwa baba hadi mwana: siku watakayomwonyesha mgeni kisima, ndiyo siku ya kuangamia kwao. Mke alikuwa na mpenzi wa siri. Akampelekea kipande cha samaki, kitu ambacho mji mzima haukupata kukionja. Mpenzi akataka kujua kinakotoka. Mke akakataa, akabembelezwa, akakataa. Siku moja mume akasafiri kwenda Uvinza, akamwachia mkewe amri kali asimwingize mtu. Naye akamwita mpenzi. Wakala, wakanywa, kisha akampeleka nyuma. Mpenzi akawaona samaki wanang’aa kama fedha, wanapita wanarudi, na mmoja akamkaribia. Akanyosha mkono amguse. Hapo mzimu ukakasirika. Ardhi ikapasuka, uwanda ukadidimia mpaka kusikofikiwa na kamba yoyote, kisima kikafurika na kulijaza pengo, na watu wote wakazama. Mume, akirudi kutoka Uvinza, akapanda mlima asioukumbuka, na kutoka juu akaona maji. Akajua mkewe amesema.

Mume hana jina. Mke hana jina, mpenzi hana jina, mji hauna jina. Hadithi ambayo katika kinywa cha Mjiji bila shaka ilikuwa na jina la kila kitu, na wimbo wa mke akikataa, na mlio wa maji yakianza kupanda, imebaki picha zilizopangwa vizuri zikipita kimya. Na picha ya mwisho imewekwa machoni pa mume, ili hukumu yake iwe hukumu yetu: mwanamke ndiye aliyeuzamisha ulimwengu. Huenda ndivyo walivyosema wazee waliomsimulia Stanley. Lakini mtu aliyekaa na Oiwa kwa muda hawezi kulipokea jambo hilo upesi hivyo. Nanboku alimuua mwanamke wake kisha akampa nusu nzima ya mchezo aseme. Wa kwetu amekufa, na hajarudi kusema lolote.

Kutisha huku si kwa zamani peke yake. Linalonivuta zaidi ni wakati ambao Stanley aliandika hadithi hiyo. Mto Lukuga, upande wa Kongo, ndiko maji ya Tanganyika yanakotokea. Cameron aliufikia mwaka 1874. Katika miaka ile mlango wake ulikuwa umezibwa na mchanga na majani, ziwa likawa linapanda mwaka hadi mwaka. Stanley alipoiona tena Ujiji mwaka 1876 alitambua kwamba maji yameula ufuko tangu alipouacha. Kabla muongo ule haujakwisha kizuizi kilivunjika na maji yakashuka. Kwa hiyo waliomsimulia habari ya mji uliozama walikuwa watu wanaotazama mji wao ukilambwa na maji. Sidhani kama ni bahati nasibu. Hadithi ya kizuka huitwa na jambo lililo mlangoni. Na baina ya 2020 na 2024 ziwa limepanda tena, likaingia katika nyumba, masoko na bandari za Kigoma, Bujumbura na Uvira, nasi tuliokuwa tukihamisha mizigo hatukuwa na hadithi ya kusimuliana. Tulikuwa na tarakimu za kina cha maji.

Heshima kwa maji ilikuwapo. Wasafiri kadhaa wa karne ya 19 wameandika habari za Kabogo, ile rasi ya milima kusini mwa Ujiji, ambako inasemekana ngurumo hutoka chini ya mwamba. Waendesha mitumbwi walipofika hapo walitupa shanga na kitambaa majini na kuomba njia. Ukiniuliza, sioni tofauti kubwa kati ya nahodha yule na mtengeneza filamu wa Tokyo anayesimama mbele ya kaburi la Oiwa kabla hajafungua kamera.

Je, sinema haikuja kwetu? Ilikuja. Unguja ilikuwa na jumba la Royal tangu 1921, lile lililoungua na mahali pake likajengwa Majestic. Nao wazee wa visiwani walionja sinema bubu ingali bubu. Bara, kati ya mwaka 1935 na 1937, Waingereza waliweka kituo cha kutengenezea sinema kwa ajili ya Waafrika huko Vugiri, katika milima ya Usambara, chini ya Notcutt na Latham, kwa fedha ya shirika la Carnegie la Marekani. Walitoa filamu kama 35. Zilikuwa bubu, na sauti yake ilichezwa pembeni kwa sahani za santuri, katika Kiswahili na lugha nyingine kadhaa. Zilifundisha habari za safura, malaria ya watoto, mmomonyoko wa udongo, kodi, na benki ya akiba ya posta. Ngano ilipata nafasi mara moja, katika filamu ya sungura na chui. Kizuka hakikuruhusiwa kuingia. Baadaye magari ya sinema ya serikali yalizunguka vijijini pamoja na mtu wa kusema kwenye kipaza sauti. Benshi wa ukoloni, tumwite hivyo, ila maneno alipewa.

Benshi wa kweli tulimpata baadaye sana, na hakuna aliyemleta. Video zilipoenea, katika mabanda yenye viti vya mbao alitokea mtu wa kuzieleza filamu za Hong Kong, India na Marekani kwa Kiswahili, moja kwa moja au kwa sauti iliyorekodiwa juu ya kanda. Dar es Salaam walimjua Lufufu. Wakenya wana DJ Afro. Kampala kazi hiyo imekuwa taaluma yenye majina yake. Hawa hawatafsiri neno kwa neno. Hufafanua, hutania, huwapa wahusika majina ya mtaani, humkanya shujaa asiingie mlango ule. Wapo wasomi wanaowadharau kwa kuharibu sanaa ya watu. Mimi nawaona kuwa ndugu wa halali wa wale 6,818. Na filamu zetu wenyewe za vizuka, kama Shumileta ya Mussa Banzi ya mwaka 2005, zilizotengenezwa kwa fedha kidogo, zina jambo ambalo Vugiri haikulidhania: ziliamini kwamba watazamaji wanajua kizuka ni nini.

Hadithi ya kisima haijatengenezwa filamu. Sina haraka nayo. Kabla ya kamera inahitaji mtu wa kusimama kando na kusema, na nafikiri mtu huyo awe mwanamke. Hapa ndipo naikumbuka ile tarakimu ya 180. Katika sinema za mwanzo za Japani Oiwa mwenyewe alichezwa na wanaume, kwa kuwa kabuki haikuwapandisha wanawake jukwaani. Na waliomsemea walikuwa wanaume karibu wote. Ndiyo maana inanifurahisha kwamba miongoni mwa walioifufua kazi ya benshi katika zama za baadaye, anayejulikana zaidi ni mwanamke, Sawato Midori, aliyeianza miaka ya 1970.

Kwa sasa ninachoweza ni kumwandalia maneno. Nimejaribu kuirudisha hadithi katika Kiswahili kwa kufuata bahari ya shairi, si nathari, kwa sababu nathari ya Stanley imekwisha kumhukumu. Msemaji ni mke, naye yuko chini ya maji. Ubeti wa kwanza ni huu:

Kisima kilifichika, ikawa siri nyumbani,
Mpenzi akaitika, mume yuko safarini,
Mkono ulipofika, mzimu kaja majini,
Mji wote umezama, jina langu halitajwi.

Beti nyingine sita ninazo. Ule wa nane, ambamo mume anafika juu ya mlima na mke anamwona kutoka chini kabla yeye hajaona maji, nimeuandika mara kadhaa na kuufuta. Fundi mmoja wa mashua hapa Ujiji, niliyemsomea jioni moja, aliniambia nimtoe mume kabisa. Dada yake, aliyekuwa akianika dagaa, akasema la, abaki, lakini asiseme kitu.